Kabla ya Kwenda Kusaka: Leseni ya Kuwinda na Mambo ya Kujifunza Kwanza

Leo hatutazungumzia mbegu wala mbolea. Tutazungumzia bunduki, tanzi la waya, na karatasi inayoitwa leseni ya kuwinda. Msishangae jambo hili kuingia katika kipindi cha kilimo. Huku kwetu, kuanzia Horohoro mpakani, kupitia Mkinga na Muheza, mpaka Pangani na Mkwaja, mkulima hulima huku analinda. Mahindi yakianza kubeba, nguruwe huja usiku. Mihogo ikikomaa, nyani huja mchana kweupe, tena huja na watoto wao. Bwana anakesha dunguni akipiga debe, mama anaamka alfajiri kufukuza ngedere. Wiki ya tatu ya mikesha hiyo, mtu anaanza kujisemea moyoni: nitafute gobole la mjomba, niwamalize. Au anachukua waya wa baiskeli, anatega tanzi penye upenyo wa ua.

Sasa tanzi, ndugu zangu, halichagui. Ulitega nguruwe, asubuhi unakuta paa. Mtu na watoto wake nyumbani hawajaonja nyama tangu sikukuu, atafanyaje? Anachuna, anapika. Na hapo ndipo mkulima mwema, asiyewahi hata kugombana na jirani, anapoingia katika shimo asilolijua kina chake.

Tusitishane kwa maneno matupu, tutazame jambo lililotokea. Mwezi Novemba 2023, mahakama ya Iringa ilimhukumu mwanamke mmoja kifungo cha miaka 22 kwa kukutwa na vipande 12 vya nyama ya swala. Miaka 22 kwa vipande 12. Kesi ile ilizungumzwa nchi nzima. Mwezi Februari 2024 Mahakama Kuu ilimwachia huru kwa rufaa. Lakini alikuwa amekwisha kaa gerezani zaidi ya miezi mitatu, na si kila mtu anapata wa kumwandikia rufaa. Kosa lenyewe huitwa kupatikana na nyara za Serikali, nalo hushitakiwa pamoja na makosa ya uhujumu uchumi. Mahakama zetu zimekuwa zikitoa vifungo vya miaka 20 na zaidi kwa kosa hilo. Na nyara si pembe ya ndovu peke yake. Ngozi ni nyara, pembe ya paa ni nyara, kitoweo kilichomo chunguni nacho ni nyara. Hata mnyama uliyemwokota amekufa njiani ni mali ya Serikali.

Basi swali la kwanza ambalo wengi huuliza ni hili: mtu wa kawaida, mkulima, anaweza kuwinda kwa halali? Jibu ni ndiyo. Sheria ya Kuhifadhi Wanyamapori Na. 5 ya mwaka 2009, iliyochukua nafasi ya ile Na. 12 ya mwaka 1974, haikufuta uwindaji. Inao uwindaji wa kitalii, ambao ni wa wageni wenye fedha nyingi, na inao uwindaji wa wenyeji, ambao ndio wetu. Lakini lazima uwe na leseni, na leseni hiyo ina mambo mengi nyuma yake kuliko ile karatasi inavyoonekana.

Hapa tupambanue jambo moja ambalo limewaponza wengi. Kuna karatasi mbili, wala moja haifanyi kazi ya nyingine. Ya kwanza ni leseni ya silaha, nayo hutoka Polisi. Ya pili ni leseni ya kuwinda, nayo hutoka kwa watu wa wanyamapori, wale ambao wazee wetu waliwaita mabwana nyama. Mwenye leseni ya silaha anaruhusiwa kumiliki bunduki. Hajaruhusiwa kupiga hata kanga. Utamsikia mtu anasema, "Mimi bunduki yangu imeandikishwa, hakuna wa kuniuliza." Ataulizwa, na atashindwa kujibu.

Habari ya silaha inasimamiwa na Sheria ya Udhibiti wa Silaha na Risasi ya mwaka 2015. Maombi huanzia huku huku chini, kijijini na katika kata, maana wanaokujua ni majirani zako: kama wewe ni mlevi, kama una hasira za ovyo, kama umewahi kumtishia mtu panga. Kutoka hapo yanapanda kwenda wilayani na mkoani. Sheria hiyo inadai pia cheti cha umahiri. Maana yake ni kwamba kuwa na fedha za kununulia bunduki hakutoshi, ni lazima uonyeshe kuwa unaijua, unaweza kuitumia na kuitunza bila kumdhuru mtu. Gobole nalo ni silaha. Hata liwe la babu, hata liwe limefungwa kwa waya, kama halina kibali ni kosa kulala nalo ndani. Polisi wamewahi kutoa nafasi ya watu kusalimisha silaha za namna hiyo kwa hiari bila kushitakiwa, kama walivyofanya Septemba na Oktoba 2023. Ukisikia tangazo la jinsi hiyo na unalo gobole la urithi darini, usilipuuze.

Tukija kwenye leseni ya kuwinda yenyewe, hiyo si jambo geni lililoletwa juzi. Mwaka 1896 gavana wa Kijerumani, Hermann von Wissmann, alitoa amri kwamba mtu asiwinde katika koloni lile bila cheti. Ni Wissmann yule yule aliyeongoza vita dhidi ya Abushiri bin Salim, ambaye alinyongwa Pangani mwezi Desemba 1889. Kwa hiyo wazee wetu wa pwani walikuwa na sababu ya kuitazama karatasi hiyo kwa jicho baya: aliyewanyang'anya nchi ndiye aliyewauzia ruhusa ya kuwinda katika nchi yao. Chuki hiyo haijaisha yote mpaka leo, nami siwalaumu wanaoisimulia. Lakini baada ya Uhuru sheria ni yetu, na wanyama ni wetu, na wakiisha tutakuwa tumewamaliza sisi.

Tena Serikali yetu yenyewe imewahi kufunga mlango kabisa. Mwezi Septemba 1973 uwindaji wote nchini ulisimamishwa, na ule wa kitalii haukurudi mpaka mwaka 1978. Nasema hili ili mkumbuke kwamba leseni si haki ya kudumu. Ya mwaka jana si ya mwaka huu. Kabla hujapanga safari, kwanza nenda ukaulize kama uwindaji wa wenyeji umefunguliwa msimu huu, kama wilaya yako ina mgawo wa wanyama, na ni wanyama gani, wangapi, katika eneo gani. Wa kumwuliza ni Afisa Wanyamapori wa Wilaya, au ofisi ya Mamlaka ya Usimamizi wa Wanyamapori, TAWA, ambayo ilianza kazi mwaka 2016. Wao ndio watakaokuambia ada ya mwaka huo, maana ada hubadilika, na bei ya kusikia kijiweni haina maana.

Je, mtu hupewa mtihani? Katika nchi nyingine ndivyo. Huko Ujerumani, mtu hawezi kupata leseni ya kuwinda mpaka afaulu mtihani wa kuandika, wa mdomo na wa kulenga shabaha. Anaulizwa tabia za wanyama, magonjwa yao, sheria, silaha, hata namna ya kuchuna nyama iwe safi. Marekani nako, jimbo la New York lilianza mwaka 1949 kuwalazimisha wawindaji wapya kupata mafunzo kwanza, na majimbo mengine yakafuata, kwa sababu watu walikuwa wakipigana risasi wenyewe kwa wenyewe porini. Hapa kwetu mtihani upo kwa mwindaji bingwa, yaani yule anayewaongoza watalii. Mwenyeji anayetaka pongo mmoja wa kitoweo hakalishwi darasani kama huyo. Wengine husikia hivyo wakafurahi. Mimi naona si jambo la kufurahia. Maana mtihani upo pale pale, ila unafanyiwa porini, na anayesahihisha ni askari wa wanyamapori, au hakimu. Afadhali basi mtu ajifunze mwenyewe mapema.

Na la kujifunza kwanza ni mipaka. Hili kwa watu wa Pangani na Handeni ni zito. Mzee anayekumbuka Saadani ikiwa Pori la Akiba, na Mkwaja ikiwa ranchi ya ng'ombe, anazijua njia zote za huko. Lakini ranchi ya Mkwaja ilifungwa mwaka 2000, na Saadani ikawa Hifadhi ya Taifa mwaka 2005, na sehemu kubwa ya ranchi ile imo ndani yake. Kadhalika Mkomazi, kwa upande wa Lushoto na Mkinga, ilikuwa Pori la Akiba tangu mwaka 1951 na ikawa Hifadhi ya Taifa mwaka 2008. Ndani ya Hifadhi ya Taifa hakuna leseni ya kuwinda ya aina yoyote, awe mtalii, awe mwenyeji. Njia aliyokuonyesha babu inaweza kuwa sasa inakupeleka kosani. Huko Muheza, msitu wa Amani ni hifadhi ya mazingira asilia tangu 1997, nao si mahali pa kuingia na bunduki. Leseni huandikwa eneo. Mnyama akivuka mpaka wa eneo hilo, mwache aende, hata kama umemfuata tangu asubuhi.

Wengine watasema: mbona Wahadzabe wanawinda? Ni kweli, Wahadzabe wa bonde la Ziwa Eyasi wanaruhusiwa, kwa sababu uwindaji ndio chakula chao na maisha yao, na sheria inatambua jamii za namna hiyo. Sisi Wazigua, Wabondei, Wadigo na Wasambaa tulikuwa na wasasi hodari, hakuna anayekataa, lakini sisi ni wakulima. Usasi wa babu hautasimama mahakamani badala ya leseni.

La pili ni kumjua mnyama mwenyewe. Leseni haisemi "mnyama", inasema mnyama fulani, na mara nyingi dume. Hapa kuna kosa moja la kawaida sana: watu huamini kwamba mwenye pembe ni dume. Kwa pongo ni kweli, jike hana pembe. Kwa kuro pia ni kweli. Lakini kongoni, dume na jike wote wana pembe. Palahala hali kadhalika, na nyati hali kadhalika. Hata funo, huyu mdogo mwekundu wa msituni, jike lake lina vipembe. Mtu anayehesabu pembe tu ataua jike lenye mimba akidhani ametimiza sheria. Itakupasa kutazama umbo, shingo, rangi, na jinsi kundi linavyokwenda. Kama huna hakika, usipige. Wapo pia wanyama ambao huwezi kuwaandikiwa hata ukiomba namna gani, na mbega wa misitu yetu ya Usambara ni mmoja wa kuachwa kabisa.

Tena kuna namna za kuwinda zilizokatazwa, hata kwa mwenye leseni mkononi. Tanzi limekatazwa. Rima, yaani shimo la kunasia, limekatazwa. Sumu, wavu na kuwazungushia wanyama moto, vyote vimekatazwa. Kuwinda usiku kwa kumulika taa ni kosa, na kupiga ukiwa ndani ya gari ni kosa. Kuwavizia wanyama penye maji au penye chumvi nako kumekatazwa. Ukizitazama sheria hizi utaona zinafanana na desturi za wasasi wa zamani, ambao nao hawakumpiga mnyama anayekunywa wala mwenye mtoto. Msimu hufunguliwa tarehe 1 Julai. Kabla ya hapo kaa na jembe lako.

La tatu ni bunduki yenyewe, na hapa naomba tukae kidogo, kwa sababu bunduki ya shambani inaua watu kuliko watu wanavyokiri. Tuchukue usiku wa zamu. Mahindi yamesimama marefu kuliko mtu. Majani yanacheza, unasikia mchakacho, unapiga. Kumbe ni jirani naye anawafukuza nguruwe wale wale kutoka upande wake. Misiba ya namna hii hutokea. Kanuni ni moja: usilenge sauti, usilenge mchezo wa majani. Lenga mnyama uliyemwona mwili mzima, na ujue nyuma yake kuna nini. Risasi ya raifo kubwa inaweza kwenda zaidi ya kilomita 3 kama haikupata kitu cha kuizuia. Marisau hayaendi mbali hivyo, lakini mita 200 yanaweza kumtoa mtu jicho. Katika nchi yetu ya vijiji vilivyokaribiana, kilomita 3 ni shule, ni kisima, ni kina mama wanaorudi na kuni.

Kila bunduki ihesabu kuwa ina risasi, hata kama umeitoa mwenyewe sasa hivi. Unapopanda dunguni, unapovuka mto, unaporuka ua, toa risasi kwanza. Mdomo wa bunduki uelekee chini au juu, kamwe usielekee kwa mwenzako. Nyumbani funga bunduki mahali pake na risasi mahali pengine, na ufunguo usijulikane na watoto. Na pombe, ndugu zangu, hata iwe mnazi wa kikombe kimoja, ikiingia mwilini siku hiyo bunduki inabaki ndani.

Sasa tuseme yote umeyafuata, umempiga mnyama wako. Kazi bado. Ukimjeruhi akakimbia, ni wajibu wako kumfuata na kummaliza. Huwezi kusema "huyu amenipotea, ngoja nipige mwingine". Yule aliyejeruhiwa amekwisha hesabiwa katika leseni yako. Na kama ni mnyama wa hatari, nyati kwa mfano, na umemkosa kabisa, katoe taarifa upesi, kwa sababu nyati mwenye jeraha anamsubiri mtu wa kwanza atakayepita, na mtu huyo huenda ni mtoto anayechunga mbuzi. Leseni uwe nayo porini, si nyumbani sandukuni. Mnyama umwandike katika leseni papo hapo. Muda ukiisha, leseni irudishe ofisini ilikotoka. Wala leseni haiazimwi. Ukimpa shemeji yako akawindie, mmekosa nyote wawili.

Kuhusu nyama, usiuze. Leseni ya kuwinda si leseni ya bucha. Tangu Kanuni za mwaka 2020, mabucha ya nyamapori yanaruhusiwa, lakini yana vibali vyake. Ukinunua katika bucha halali, dai risiti na uitunze mpaka nyama iishe, maana risiti ile ndiyo itakayokusemea ukiulizwa. Nyama ya kupitishwa usiku kwenye kiroba usiinunue kabisa. Mbali na polisi, kuna kimeta. Mnyama aliyekufa kwa kimeta, mwenye kumchuna na mwenye kumla wote wako hatarini. Mzoga uliouokota usiukate, mwite mtaalamu wa mifugo.

Lakini tumerudi pale tulipoanzia, maana mkulima atasema: mimi sina haja ya pongo wala leseni, mimi nataka nguruwe watoke katika mahindi yangu. Na kwa wengi wetu wa pwani nguruwe hata si kitoweo. Ndugu, usijichukulie sheria. Toa taarifa kwa mwenyekiti wa kijiji, naye aifikishe kwa Afisa Wanyamapori. Wao ndio wenye mamlaka ya kuja kuwafukuza au kuwapunguza wanyama waharibifu. Najua mnavyosema, kwamba taarifa inakwenda Jumatatu na bwana nyama anafika nguruwe wamekwisha vuna. Ni kweli maofisa ni wachache na magari ni machache. Kwa sababu hiyo taarifa iwe ya kijiji kizima, iandikwe, itajwe mashamba yote yaliyoliwa. Barua ya wakulima 30 haitiwi mfukoni kirahisi kama malalamiko ya mtu mmoja. Na wakati mnasubiri, kulinda kwa zamu za pamoja, ua wa miiba uliofungwa vizuri, na kufyeka kichaka kilichopakana na shamba ambamo nguruwe hulala mchana, vyote hivyo havihitaji kibali cha mtu.

Ikiwa mnyama amekuvamia ukamwua ili kuokoa roho yako au ya mwenzako, sheria inalitambua hilo. Ila usiguse ngozi, usigawe nyama, usifukie mzoga. Toa taarifa mara moja, na mzoga waukute pale pale ulipoanguka, maana alama za mapambano ndizo ushahidi wako.

Na kwa mazao yaliyoliwa na tembo, kiboko au nyati, kuna malipo yanayoitwa kifuta jasho, na kwa aliyejeruhiwa au kuuawa kuna kifuta machozi. Kanuni za mwaka 2011 ziliweka shilingi 1,000,000 kwa ndugu wa marehemu. Malipo haya si fidia ya hasara yote, na nguruwe, nyani na ngedere hawamo katika hesabu hiyo. Wala halipwi mtu aliyedhurika akiwa katika uwindaji usio halali. Anayedai asikae na habari mpaka wiki ipite: aende siku ile ile, shamba likiwa bado na nyayo, aende na mwenyekiti, na aonyeshe ukubwa wa eneo lililoliwa kabla hajaling'oa na kupanda upya. Mkiwa na mtu mwenye simu inayopiga picha, apige picha za nyayo na za mazao yaliyolala, asubuhi na mapema, kabla mvua haijazifuta.